Kitandiko cha Matabaka Mawili

Jumatatu, 3 Machi

Nimerudi kutoka zamu ya usiku, nimeoga, nimekunywa uji, nimelala. Haikupita muda fimbo ya mama mkwe ikaniamsha. Ko, ko, ko, chumbani kwake mpaka jikoni. Ko, ko, ko, jikoni mpaka barazani. Sakafu ya nyumba hii ni simenti iliyopakwa rangi nyekundu, na korido inayopita katikati ya vyumba inaikuza kila sauti. Nimejifunika mto kichwani. Haukusaidia kitu.

Mimi ni muuguzi. Nakesha ili watu wengine walale, halafu nikija kwangu hakuna anayenyamaza kwa ajili yangu. Naandika haya kwa sababu nikiyasema nitayasema vibaya, na itaonekana namfukuza mama wa watu.

Jumanne, 4 Machi

Mvua. Fimbo.

Alhamisi, 6 Machi

Niseme haki. Mama Kabagwira si mtu mbaya. Amekulia Bujumbura, ameuza vitenge sokoni huko nusu ya maisha yake, na Kiswahili chake cha sokoni ndicho kilichotuunganisha nilipoolewa. Mimi nilikulia Mwanza, na Kinyarwanda changu siku hizo kilikuwa cha kuchekesha watu. Tangu tujenge hapa Masaka anakaa nasi. Macho yamefifia, anasema anaona "kama moshi kidogo," lakini anapika, anafua, na kila Jumamosi anaosha baraza kwa ndoo ya maji, anayasukuma kwa rakleti, ule ubao wenye mpira chini, mpaka yatoke yote uani. Kwake yeye nyumba isiyomwagiwa maji si nyumba, ni stoo.

Leo nimemwambia kwa upole, "Mama, asubuhi ukitembea, fimbo usiigonge sana."

"Mukazana," akasema, maana hilo ndilo jina analoniitia mimi mke wa mwanawe, "fimbo ni ya kugonga. Ya kubeba ni mwavuli."

Nimerudi kitandani na hasira zangu.

Jumapili, 9 Machi

Mume wangu Mutabazi amekuja. Yuko kwenye barabara inayojengwa Nyagatare, namwona mwisho wa wiki tu, yeye na mfuko wake wa nguo zenye tope. Nimemwambia wazi: kama ni hivi, nitakwenda kulala hospitali kwenye benchi. Amecheka, halafu ameona sicheki.

Dada yake Claudette, yule wa Nyarutarama, ameweka parike, sakafu ya mbao, nyumba nzima. Ukiwa kwake unasikia saa ya ukutani. Tumekubaliana na sisi tuweke parike.

Jumatano, 12 Machi

Fundi amekuja kupima. Anaitwa Révérien, Mrundi, mwongeaji kweli, suruali yake imeshonewa viraka vya ngozi magotini. Amenieleza kitu ambacho sikukijua. Parike hizi za siku hizi hazina gundi wala misumari. Ubao unabanana na mwenzake kwa meno, na sakafu nzima inakaa imeelea tu juu ya kitandiko, tabaka linalolazwa chini yake. Kwa hiyo kinachochaguliwa kwanza ni kitandiko, ubao baadaye.

Akatoa vipande vitatu mfukoni: sponji nyeupe nyembamba, mpira mweusi mzito, na kitu cha kahawia kama vizibo vya chupa za mvinyo vilivyosagwa.

"Kipi kinanyamazisha kuliko vyote?" nikamwuliza.

"Hiki cha mpira. Lakini Mama, tusianzie huko. Hii simenti yako iko na maji ndani."

Akalaza kipande cha plastiki sakafuni, akakibandika pembe zote kwa utepe, akasema tusikiguse mpaka arudi.

Ijumaa, 14 Machi

Chini ya plastiki pamelowa jasho. Révérien amefurahi kama mtu aliyeshinda kesi. Itabidi plastiki itandazwe nyumba nzima kwanza, ipandishwe kidogo ukutani, ndipo kitandiko kifuate, ndipo ubao. Nikamwuliza, je, tukiweka mpira halafu juu yake sponji?

"Hapana. Kitandiko kinakuwa kimoja. Ukiweka viwili inakuwa laini sana, ubao unacheza, meno yanavunjika."

"Fundi, mimi ndiye ninayelala humu."

Akainua mabega. "Sawa. Ni wewe unalala humu."

Mama alikuwa amesimama mlangoni kwake anasikiliza. "Mnatandika nyumba nzima?" akauliza. "Kwani nani amejifungua?"

Jumamosi, 22 Machi

Siku zote hizi nimelala kwa jirani. Mbao zilikaa kwanza ndani ya makaratasi yake zizoee hewa ya nyumba, halafu vumbi, msumeno, milango kukatwa chini ili ipite juu ya sakafu mpya. Révérien anaacha nafasi ya kidole kandokando ya kuta, anasema ubao ukinyonya unyevu unanenepa, lazima uwe na pa kunenepea. Matabaka yangu mawili yamewekwa. Amesema tena hayapendi. Nimemwambia tena nimesikia.

Jumapili, 23 Machi

Nimelala mpaka alasiri. Nimeamka sijui ni siku gani. Sina zaidi la kuandika, nimeshiba usingizi.

Alhamisi, 27 Machi

Fimbo sasa inasema "pf." Ukiwa chumbani huisikii kabisa.

Jumanne, 1 Aprili

Mama amenuna. Nilimweleza kwamba maji hayamwagwi tena ndani, ni kitambaa kibichi kidogo tu. Akasema, "Basi nyumba yenu itanuka." Tangu siku hiyo anakula chumbani kwake. Jikoni haji, barazani haendi ila nikimshika mkono. Nimerudi kupika mimi, na zamu ni zilezile.

Haya, na anune. Mimi nalala.

Jumatatu, 7 Aprili

Wiki ya kumbukumbu ya mauaji ya kimbari imeanza. Redio zote zinazungumza polepole, muziki hakuna. Kila mwaka wiki hii Mama huwa haongei. Nimemwacha na rozari yake.

Jumamosi, 12 Aprili

Leo mchana nimeshtuka, mtu ameketi juu ya miguu yangu. Mama. Ameingia chumbani kwangu, ameketi kitandani kwangu, na yeye ndiye aliyeuliza, "Nani huyu?" Nikamwambia ni mimi, Connie, hiki ni chumba changu. Akainuka, akatoka akishika ukuta.

Nimemsimulia Claudette kwenye simu kwa kucheka. Hakucheka. Ameniuliza kama Mama anasahau na mambo mengine.

Jumatano, 16 Aprili

Karibu na mlango wa jikoni mbao zinacheza. Ukikanyaga zinalia "tik," zinapanda na kushuka. Sitamwambia Révérien, sitaki kumwona uso wake.

Jumamosi, 19 Aprili

Macho yanajifumba lakini niandike kwanza.

Claudette amekuja na gari kuleta nyama ya Pasaka. Mutabazi naye alikuwepo. Mvua ilikuwa ile ya upepo, na mlango wa barazani ulikuwa wazi. Tumekaa mezani sebuleni watatu tunakunywa chai. Mama akatokea jikoni, siku ya kwanza tangu Machi kumwona huko, ndoo mkononi imejaa, rakleti kwapani, miguuni soksi na kandambili. Tulijua anakwenda kuosha baraza kwa ajili ya sikukuu. Mvua au jua, yeye huosha. Tukamwacha.

Akaja mpaka katikati ya sebule. Akasimama, akageuzia uso kwenye upepo. Halafu akainua ndoo akamwaga.

Ndoo nzima, juu ya parike. Maji yakakimbilia chini ya kabati, yakaingia kwenye maungio ya mbao. Akashika rakleti akaanza kuyasukuma kwa nguvu zake zote kuelekea ukutani.

"Mama, unafanya nini?" Claudette akasimama.

Mama akageukia upande wa sauti. "Claudette? Na wewe unafanya nini huku nje na mvua hii?"

Akapapasa kwa mguu, akagusa kiti. Nikaona uso wake ukinywea. "Aa," akasema, basi. Mutabazi akamshika mkono akampeleka chumbani, mimi nikapiga magoti na mataulo. Maji mengine yalikwisha kushuka chini, hayakamatiki.

Claudette alikuwa analia kimyakimya. "Amesema yuko nje," akawa anarudia. "Wifi, umemsikia? Nje."

Jumatatu, 21 Aprili

Claudette amepiga simu. Amepata nafasi ya kuonana na daktari Jumatatu ijayo, Ndera. Hapa kwetu ukisema fulani anapelekwa Ndera huhitaji kueleza, kila mtu anajua iko hospitali ya wagonjwa wa akili. Anasema hata ikiwa ni uzee tu, afadhali ijulikane mapema, na baada ya hapo atamchukua akakae kwake.

Nimekubali. Niandike na sababu, maana hapa simdanganyi mtu: nimekubali kwa kuwa nimechoka, na moyo wangu mmoja ulisema afadhali.

Alhamisi, 24 Aprili

Révérien amekuja kung'oa. Sebule ilikuwa imeanza kuvimba, na korido nayo. Akafungua ubao wa kwanza, harufu ikatupiga. Plastiki ya chini ilizuia maji yasishuke, na sponji yangu ikawa imeyanywa yote, inakamulika kama godoro la mtoto anayekojoa.

"Nilikuambia," akasema. Nikamwambia ndiyo, uliniambia.

Akabeba matandiko kwenda kuyaanika uani. Mimi nikabaki nimeketi kwenye kigoda jikoni, sina nguvu hata za kupanda kitandani. Korido ilikuwa simenti tupu, na mbao zimepangwa rundo upande mmoja. Mlango wa Mama ukafunguka. Akatoa fimbo, akaishusha.

Ko.

Akasimama. Akagonga tena. Kisha akaja, na hakuja kama mgonjwa. Alikuja mbio, kama anayewahi sokoni. Alipolikaribia rundo la mbao fimbo ikabadilisha sauti, akalizunguka bila kuligusa. Akaingia jikoni, akanipita bila salamu, mkono ukaenda moja kwa moja kwenye rafu ukashika kopo la chumvi. Akafunua chungu cha maharage yangu, akaonja, akakunja uso, akatia chumvi.

Nilikuwa karibu naye kiasi cha kumgusa, na hakujua nipo. Nikainua kiganja mbele ya macho yake. Hakupepesa. Nikakipitisha huku na huku. Hakuna kitu.

"Mama."

Kijiko kikamwanguka. "Mukazana. Mie nilijua umelala."

"Huoni."

"Naona kama moshi kidogo."

"Mama, mimi ni muuguzi. Huoni hata moshi."

Akatafuta ukingo wa meza, akauegemea. "Tangu mavuno ya maharage ya mwaka jana," akasema.

"Na hukutuambia?"

"Nimewajua wanaosema. Ukisema huoni, wanakukalisha kwenye kiti. Chai unaletewa, sahani unaletewa. Bibi kaa, Bibi utaanguka. Unakaa mpaka unakufa. Mie nilikuwa natembea. Hii korido ilikuwa inaniambia. Hapa ni mlango wako, sauti inaingia ndani. Hapa ni ukuta, inanirudia. Hapa jikoni, inafunguka. Nikigonga barazani inakwenda zake nje hairudi. Halafu mkaja mkaifunga mdomo. Siku ile nikasikia mvua, nikasikia upepo usoni, nikasema basi nimeshatoka."

"Claudette anasema akili yako imepotea."

"Mie sikupotea," akasema. "Ni nyumba ilipotea."

Nikalia, tena vibaya, kwa uchovu na kwa aibu pamoja. Kazi yangu ni kuangalia watu. Kila mgonjwa akiingia mimi humulika macho yake kwa tochi kabla ya kitu kingine. Huyu nimeishi naye, nikamnunulia giza la pili ili nipate kulala.

Alisikia nalia, akanitafuta bega. "Usiwaambie," akasema.

"Nikinyamaza wanakupeleka Ndera Jumatatu."

"Na ukisema wananipeleka Nyarutarama. Kwa Claudette nyumba nzima ni bubu."

Ijumaa, 25 Aprili

Nimesema. Nilimwambia kwanza Mama kwamba nitasema, na kwamba sitaondoka kwenye simu mpaka jambo liishe. Hakunipa ruhusa, lakini hakunikataza mara ya pili.

Claudette amelia, halafu amesema yaleyale Mama aliyoyatabiri. Atamchukua. Kwake yuko mtu wa kumhudumia, hatagusa kitu, atakaa tu atulie.

"Hapana, wifi," nikasema. "Hakai. Anabaki Masaka, na sakafu inarudi simenti."

"Wewe si ndiye uliyeshindwa na kelele zake?"

Swali la haki. Nikamwambia ndiyo, zilinishinda, na zitanishinda tena, lakini mama yake ana akili zake zote na mimi ndiye niliyemshuhudia akizunguka rundo la mbao katika giza lake. Tukabishana mpaka kadi yangu ya simu ikaisha. Alipiga yeye. Mwisho akasema ataamini daktari wa macho akisema.

Mutabazi naye aliniuliza, "Na usingizi wako?" Nikamwambia sijalala vizuri tangu nianze kazi hii, sitakufa mwaka huu.

Jumatatu, 28 Aprili

Badala ya Ndera tumekwenda kwa daktari wa macho, mimi, Claudette na Mama katikati yetu. Ni presha ya macho, ya siku nyingi. Kilichokwisha kwenda hakirudi. Daktari kijana, mpole, alimweleza polepole kwa Kinyarwanda, Claudette akawa anafinya mkoba wake.

Mama alimsikiliza mpaka mwisho, akauliza jambo moja tu. "Naruhusiwa kutembea?"

"Kwa nini usitembee, Mukecuru?" daktari akasema, yaani bibi.

Mama akageuza uso upande wa Claudette. "Umesikia?" akasema.

Jumamosi, 3 Mei

Mutabazi amekataa mbao zote ziende kulala nyuma ya nyumba, na sebule yenye simenti tupu msimu huu ni baridi kweli kwa miguu ya Mama. Basi Révérien amerudi na vile vipande vyake vitatu. Amevipanga sakafuni, juu ya kila kimoja ameweka ubao. Mama akaja na fimbo yake. Sote tukasimama kama tuko kanisani.

Akagonga ule wenye mpira chini. "Huyu amekufa," akasema.

Akagonga wenye sponji. "Huyu anaguna tu."

Akagonga ule wa vizibo vya chupa. Akainamisha kichwa, akagonga tena, akagonga pembeni, akarudi katikati. "Huyu anasema. Si kama simenti, anasema kwa sauti ya chini, lakini anasema. Nikisikia huyu nitajua niko sebuleni."

"Tabaka moja," nikamwambia Révérien kabla hajafungua mdomo.

Kwa hiyo imekuwa hivi: korido na jikoni simenti tupu, sebule ubao juu ya kile cha kahawia, baraza kama lilivyokuwa. Chumba changu kimeachiwa mpira peke yake, bila sponji. Mutabazi anasema nyumba inafanana na suruali ya fundi. Révérien ameangalia magoti yake, akasema lakini suruali hii inafanya kazi.

Jumamosi, 10 Mei

Mvua. Fimbo. Ameosha baraza.

Jumatatu, 19 Mei

Claudette amekuja, ameketi jikoni, amemwangalia mama yake akichambua maharage. Mara mbili alinyanyuka kumsaidia, mara mbili akaketi. Alipoondoka aliniambia, "Unaonekana umechoka, wifi." Nikamwambia nimechoka.

Jumanne, 27 Mei

Mvua zinaisha, zimebaki manyunyu ya asubuhi. Usiku ulikuwa mbaya. Wodini tumempoteza mwanamke wa umri wangu, na mpaka asubuhi nilikuwa kwenye simu na mume wake aliyekuwa bado njiani. Nimefika nyumbani sikuoga, sikula, nimejitupa kitandani na sare.

Usingizi ulikuwa ndio unaingia. Ko, ko, ko. Nikamwazia Mama maneno ambayo sitayaandika hata hapa. Ko, ko, inakaribia. Halafu mbele ya mlango wangu ikanyamaza.

Nikafungua macho. Nilisikia kandambili zikivuliwa, moja, nyingine. Kisha kiganja kikisugua ukuta. Nilielewa anachofanya. Ameibana fimbo kwapani, anapita mlango wangu kwa miguu mitupu, ananyata, ili mimi nilale. Kiganja kikaenda, kikaenda, kikafika mahali kikasimama. Kikarudi nyuma kidogo. Kikasimama tena. Hakujua yuko wapi, na hakutaka kuniita.

Nyumba ilikuwa kimya kabisa, ule ukimya nilioulilia Machi yote. Niliusikiliza nikashindwa kuuvumilia.

"Mama," nikasema kutoka kitandani. "Gonga."

Fimbo haikushuka.

"Gonga tu, Mama. Sijalala."

Akakohoa kidogo, kama mtu aliyekamatwa. Fimbo ikashuka. Ko, ko, ko, mpaka jikoni.